Mwaka wa Kumtafsiria Mzee Rajabali

Mama Nargis alizikwa Jumanne moja ya mwezi wa tatu, mwaka 2019, wakati ardhi ya Toronto bado ni ngumu kama saruji. Nilisimama nyuma pamoja na wanaume wa msikitini kwao nisiowajua, na zamu yangu ilipofika nikatupa udongo mara tatu kama wenzangu. Sikulia. Mikono ilikuwa imekufa ganzi kwa baridi, na nadhani mengine yote ndani yangu yalikuwa hivyo hivyo. Mama huyo nilimjua kwa karibu kwa mwaka mmoja tu. Baada ya hapo tulipigiana simu siku za Idi, yeye akiniuliza kama nimekula, mimi nikimjibu nimekula. Lakini kwa mwaka ule mmoja nilikula chakula cha mkono wake siku sita kila wiki, na hakuna mtu mwingine katika nchi hii ninayeweza kusema hivyo juu yake.

Kutoka makaburini tulikwenda ukumbini. Palikuwa na biriani, dengu, na chai ya maziwa kwenye mitungi ya chuma yenye bomba. Kwenye meza ya mlangoni walikuwa wameweka picha ya marehemu, na kando yake kitabu chembamba cha jalada la kijani, kitabu cha maisha ya baba mkwe wake, Mzee Rajabali, ambacho familia ilikichapa yenyewe zamani. Watoto walikuwa wanakipokezana kwa vidole vyenye mafuta. Shirin, binti wa marehemu, alinikuta nimesimama karibu nacho. Siku hizi ana watoto wawili, lakini aliniita Anko Hamisi kama alivyoniita akiwa na miaka kumi na tisa, na akanishika mkono kwa mikono yake yote miwili. Aliniambia kwa Kiingereza, kama watu wote wa nyumba ile walivyosema nami isipokuwa mmoja, na hapa nayaandika maneno yao kwa Kiswahili. "Nakala za kitabu cha Bapa zimekwisha. Tunataka kukichapa upya. Mama alinisihi nisikichape kabla ya kukuuliza wewe kama kuna neno la kuongeza." Nikamwomba anipe hadi Jumapili. Siku hizo zote nilikaa nyumbani nikiukumbuka mwaka mmoja.

Mwaka 2006 nilikuwa na miaka ishirini na saba. Nilikuwa napanga mtaa wa Jane na Finch, ghorofa ya kumi na moja, chumba kimoja na sebule, pamoja na Mkenya mmoja aitwaye Kamau. Kiangazi Kamau aliendesha malori ya kawaida, lakini majira ya baridi alikwenda kaskazini kabisa, kupeleka mizigo migodini kwa njia zinazopita juu ya maziwa yaliyoganda. Akirudi alikaa wiki nzima kwenye kochi na kila Mswahili wa lile ghorofa alikuja kumsikiliza. Mimi nilikuwa nafanya kazi katika ghala huko Brampton, mji wa jirani, nikizungushia mizigo nailoni. Shule yangu iliishia darasa la saba. Kiingereza nilikiokota kazini, pamoja na maumivu ya mgongo. Mtu mmoja pale ghalani akaniambia kuna familia ya Kihindi, watu wa Tabora wa zamani, inatafuta mwanamume Mswahili wa kumtunza mzee wao. Nilidhani wanataka mtu wa kumwogesha. Walitaka pia mtu wa kuzungumza naye. Mzee alikuwa amepatwa na kiharusi, na alipozinduka hospitali Kikutchi chake, lugha ya nyumbani kwao, kilikuwa kimeondoka, Kiingereza kimeondoka, kimebaki Kiswahili peke yake. Mwanawe Firoz aliondoka Tabora akiwa na miaka minane, na Kiswahili alichobaki nacho kilikuwa majina ya vyakula na matusi mawili. Mama Nargis alizaliwa Karachi, hakujua hata neno. Shirin alijua "asante" na "kuku". Kwa hiyo mzee wa miaka themanini na minane alikuwa amekaa miezi minne katika nyumba iliyojaa watu wake mwenyewe, na hakuna aliyemwelewa akiomba maji.

Walikuwa wamempa chumba cha chini, kile ambacho majirani wenye nyumba kama ile walikifanya chumba cha kulia wageni. Taa ya vioo ilikuwa bado inaning'inia darini, na chini yake kitanda cha hospitali. Dirisha lilitazama njia ya magari na nyumba ya pili, iliyofanana na hiyo tofali kwa tofali. Palinuka Viksi na wali uliopikwa na siagi. Siku ya kwanza nilibisha hodi mlangoni, sauti ikasema polepole, "Karibu. Ingia uone maiti mbichi." Nikamwamkia, shikamoo mzee. Akaitikia marahaba, akanitazama, akafumba macho, machozi yakamtoka, na alipoyafumbua akaniuliza natoka wapi. Nikasema Sikonge. "Mnyamwezi!" Nikasema ndiyo. "Haya, tazama dunia. Babu zako walibeba pembe za ndovu mpaka pwani. Wewe unabeba Muhindi mpaka chooni." Nikamwambia pembe zilikuwa nyepesi, mzee. Akacheka mpaka Mama Nargis akaja mbio kutoka jikoni akidhani amepaliwa. Nilikuwa nimetegemea Kiswahili cha dukani, cha leta na peleka. Kumbe mzee alisema Kiswahili kirefu cha Tabora, safi kuliko changu, chenye maneno ya Kinyamwezi ambayo mimi mwenyewe nilikuwa sijayasikia tangu nilipoondoka.

Siku zilifanana. Nilifika kwa basi saa mbili asubuhi, nikamwogesha kwa kopo na ndoo kwa sababu alichukia maji ya bomba la juu. Alisema yanamwagika kama mtu anayekukasirikia. Nikamvalisha, nikamnywesha chai. Saa sita Mama Nargis aliniita kwa kugonga sufuria na kijiko, nami nikala kwenye meza ya jikoni huku yeye amesimama, akinitazama sahani. Alipika kichri, wali laini wa dengu, kwa mzee na chakula cha kweli kwa ajili yangu, kuku wa nazi, bamia, chapati zenye moto. Hatukuwa na mazungumzo. Kiingereza changu kilikuwa kibovu na chake kilikuwa cha haraka. Alisema "kula", nikala. Ijumaa nilibaki kwa chakula cha usiku, kwa kuwa wageni walikuja na ilibidi mzee akalishwe mezani kama mtu mwenye heshima yake. Hapo ndipo nilipoisikia ile hadithi, na niliisikia Ijumaa nyingi mpaka naweza kuisema hadi leo.

Firoz aliisimulia akiwa amesimama, akikata nyama. Bapa, kama wote walivyomwita mzee, alikuwa na miaka kumi na tisa. Alishuka treni Tabora na hakutaka kuwa karani wa mtu. Akanunua punda mmoja, akampakia chumvi, kaniki na viberiti, akatembea kusini siku kumi na moja, peke yake, akavuka mto Ugalla. Simba walimfuata. Mmoja alimuua. Alipofika mahali pasipo na mtu wala njia, akasema hapa, akakata miti kwa shoka, akajenga duka, na nchi ikaanza kuja kwake. "Hapakuwa na kitu," Firoz alisema kila mara, akitandaza mkono juu ya meza. "Hata kitu! Ramani nyeupe." Wageni walitikisa vichwa. Walikuwa watu wenye maduka ya dawa na ofisi za bima, na niliona jinsi walivyonyooka vitini, kama kwamba na wao walikuwa wametembea siku moja au mbili kati ya zile kumi na moja. Mimi nilikuwa nimeshika kijiko cha kichri. Nilitoka huko kusini. Najua vijiji vyake kwa majina. Sikuona haja ya kusema. Mzee naye aliyasikia yote bila kuyaelewa, kwa sababu yalisemwa kwa Kiingereza, akaniuliza, "Wanacheka nini?" Nikamwambia wanasimulia safari yako. "Wameniulia simba?" Ndiyo mzee. "Mkubwa?" Mkubwa. Akameza kichri. "Simba nilimsikia tu, usiku mmoja, nikajikojolea. Kumwona nilimwona hapa hapa, kwenye televisheni."

Nilimweleza Kamau hayo. Alikuwa amelala kwenye kochi na soksi mbili mbili miguuni. "Buda, hiyo si uongo, hiyo ni stori inakua," akasema. "Mara ya kwanza nikiwaambia barafu ilipasuka, ilipasuka mbele ya lori ya msee mwingine, mbali huko. Mwaka jana ikapasuka nyuma yangu. Sasa inapasuka chini ya tairi yangu. Watu wakishakaa chini kukusikiza, utawaambia uliona theluji na ukalala?" Nikamwuliza kama huyo mtu mwingine ana jina. Akafikiri. "Alikuwa Muhindi Mwekundu fulani, mwenyeji wa huko huko. Ndiye alitupigia redio tusipite. Jina sikushika." Akageukia ukuta. Nilikumbuka jibu hilo baadaye.

Mwezi wa kumi Shirin aliamua kuandika kitabu. Alikuwa anasoma chuo kikuu, na mwalimu wake alikuwa amewaambia watu wanaokufa wanaondoka na maktaba, au maneno kama hayo. Alikuja na daftari, akakaa kwenye ukingo wa kitanda, akauliza kwa Kiingereza, mimi nikamgeuzia mzee, mzee akajibu, mimi nikamrudishia Shirin, naye akaandika nilichosema mimi. Hakuwa na kinasa sauti. Alisema kinamtia babu yake woga. Mwanzoni ilikuwa kazi rahisi, majina ya meli, bei ya chumvi, alikula nini. Nilijisikia mtu wa maana kidogo. Kule ghalani hakuna aliyewahi kusubiri nifungue mdomo.

Jumamosi moja ya mwezi huo walimpeleka mzee kwenye kile kijiji cha makumbusho kilicho karibu na kwetu Jane na Finch, cha nyumba za magogo za walowezi wa kwanza. Nilikuwa nakipita kwa basi kila siku na sikuwahi kuingia. Lilikuwa wazo la Shirin; alitaka babu yake aone watu kama yeye. Tulikuwa wanne, Shirin na daftari, Mama Nargis na thamosi ya chai, mimi nikisukuma kiti cha magurudumu kwenye changarawe. Ndani ya nyumba moja palikuwa na mwanamke aliyevaa gauni refu na kofia ya kitambaa iliyofungwa kidevuni, anakoroga chungu juu ya moto wa kuni. Moshi ulikuwa mwingi. Mzee aliuvuta kwa pua, akashika mikono ya kiti. Mwanamke akaeleza alivyofundishwa kueleza, kwamba mwenye nyumba hii alifika na mkewe na shoka, na hapakuwa na kitu isipokuwa msitu. "Anasema nini?" mzee akaniuliza. Nikamtafsiria. Akacheka kwa pua. "Hapakuwa na kitu. Na aliyemwonyesha maji yalipo alikuwa nani?" Halafu akaanza kusema, akiutazama moto, bila kumtazama yeyote kati yetu. Nayaandika kama alivyoyasema.

"Sikutembea, mwanangu. Nilitembea siku mbili, homa ikanipiga. Punda alikuwa wa Mihambo, si wangu, mimi nilimkodi yeye na punda wake. Punda akaliwa. Mihambo akaficha chumvi mtini, akanibeba mgongoni siku nne, mimi na mapele yangu na kuharisha kwangu, akanifikisha kwa mama yake. Mama yake alikuwa akiitwa Kalunde. Alinilisha uji wa mtama masika yote. Alinitafunia nyama, meno yangu yalikuwa yanacheza. Nilipopona nikamwambia nataka mahali pa kuuzia chumvi. Akanionyesha kona ya shamba lake, njiani, akasema kaa hapa msimu mmoja. Nikakaa. Msimu ukapita, nikakaa. Miaka ikapita, nikaoa, nikapiga bati. Akaja mpima ardhi wa serikali. Mihambo alikuwa amekwenda kibarua kwenye mkonge. Mpima akaniuliza, shamba hili lote ni la nani? Nikasema, langu. Nilisema mara moja tu. Kesho yake Kalunde akaja, akakaa kwenye baraza ya duka. Asubuhi mpaka jioni. Nilimpelekea chai hakuinywa. Hakusema neno. Wateja walikuwa wanamruka miguu. Jua lilipotua akainuka akaenda, na mimi nikahesabu mauzo. Mwambie huyu mtoto aandike. Shamba lilikuwa la Kalunde. Nililichukua. Aandike jina."

Alikuwa analia, na kamasi zilimshuka mpaka kwenye shali. Shirin alikuwa amepiga magoti kando ya kiti. "Anko, anasema nini? Anasema nini?" Na nyuma yake alisimama Mama Nargis, ameshika kifuniko cha thamosi. Lazima nieleze hapa, ingawa maelezo hayanisaidii. Kwetu, aibu ya baba mkwe haitajwi mbele ya mke wa mwanawe. Si adabu tu. Ni kitu kinachokufunga ulimi kabla hujafikiri. Mkwe hata mguu wa baba mkwe wake haruki. Na mimi nimtajie kuharisha, na wizi? Nilimtazama yule mama na thamosi yake, nikafungua kinywa, nikasema kwa Kiingereza, "Anasema kulikuwa na watu wema waliomsaidia." Shirin akaandika. Mama Nargis akanitazama kidogo, halafu akammiminia mzee chai. Yule mwanamke wa kofia aliomba radhi kwa moshi.

Ningeweza kulisahihisha siku zilizofuata. Jumatatu Mama Nargis alikwenda sokoni na nilikaa na Shirin peke yetu zaidi ya saa moja. Mzee alikuwa amelala. Shirin aliniuliza kama Bapa alisema jambo jingine lolote kule, nikasema hapana, alikumbuka tu njaa. Desturi ya mkwe haikuwepo chumbani siku hiyo. Nilichokuwa nakiogopa ni kwamba Firoz angesema nimezua, na ningerudi ghalani. Nikamweleza Kamau, nikitaka aniambie kitu. "Wewe kazi yako ni kuogesha mzee," akasema. "Nani alikuajiri kurekebisha historia ya Wahindi? Ukisema, unafukuzwa, na wao hawaandiki. Usiposema, hawaandiki na bado unakula kuku wa nazi. Piga hesabu." Nikacheka naye.

Asubuhi iliyofuata, nikiwa nammwagia mzee maji mgongoni, akaniuliza, "Ameandika?" Nikasema ameandika, mzee. "Jina?" Na jina. Majira yote ya baridi aliniuliza. Mara nyingine kila siku, mara nyingine siku tatu zikapita nikadhani amesahau, kisha sauti ikatoka chini ya taulo, ameandika? Nami nikajibu ameandika, kwa sauti ile ile ninayosema inua mkono, geuka kushoto. Niligundua kwamba uongo nao ni kazi kama kazi nyingine, mikono inauzoea. Sikukosa usingizi. Nilikula vizuri. Nilinenepa mwaka ule, nina picha.

Kitabu kilitoka mwezi wa tano, na jamaa walialikwa kutoka pande zote, nyumba nzima, viatu vimejaa mlangoni mpaka uwani. Kulikuwa na mishikaki, sambusa, na keki yenye picha ya punda. Firoz alisimulia safari kwa mara nyingine, na safari hii simba walikuwa wawili. Baada ya kulishwa na kupigwa picha mzee alichoka, nikamrudisha chumbani na kufunga mlango. Alikuwa ameshikilia kitabu kifuani kwa mkono wake mzima. Akanipa. "Soma palipo na Kalunde."

Nilifungua. Naujua ukurasa ule. Uliandikwa kwa Kiingereza kwamba njiani kulikuwa na watu wema waliomsaidia, lakini nchi ilikuwa tupu, na duka alilijenga kwa mikono yake miwili. Nikasoma kwa Kiswahili, "Shamba lilikuwa la mama mmoja aitwaye Kalunde, mama yake Mihambo. Alinipa mahali pa kuuzia chumvi kwa msimu mmoja, nami nikachukua shamba lote." Akafumba macho. Uso wake ulilegea, na nikafikiri, basi, imekwisha, hakuna aliyeumia. Upande wa pili wa mlango watu walikuwa wanaimbia keki. Akasema, "Soma tena." Nikasoma, "Palikuwa na mwanamke jina lake Kalunde, ambaye alimpa Rajabali kona ya shamba lake lililokuwa njiani..." Akafumbua macho.

"Mara ya kwanza hukusema hivyo."

Nikasema nimetafsiri tu kwa namna nyingine, mzee. Hakukasirika. Ningependa kusema alikasirika. "Hamisi, mimi nimewasomea watu barua dukani miaka thelathini. Hawakujua kusoma, wanaleta barua za watoto wao kutoka kwenye mkonge, nawasomea. Ikiwa na msiba nilipunguza. Naweka maneno yangu. Halafu mama wa watu anasema, Rajabali, nisomee tena, na mimi siwezi kuyarudia, maana hayakuwa kwenye karatasi." Alipumzika, alikuwa amesema mengi. "Najua sauti ya kusoma huko. Hakuna jina humo."

Nikasema, hakuna, mzee. Nikataka kumweleza habari ya mkwe na thamosi na Firoz, nikaona yote hayo ni maneno. Akasema, "Nipe maji." Nikampa. Alikunywa kwa mrija, akageuza uso kwenye dirisha. Kuanzia siku ile hakuniuliza tena. Hakuninunia, alisema asante nilipomfuta, aliitikia marahaba kila asubuhi. Lakini hakunitania tena kuhusu pembe, wala hakusimulia kitu, na nilipojaribu kumwanzishia habari za Tabora alisema, "Tumwachie huyo mtoto. Ameshamaliza kitabu chake." Alikufa mwezi wa nane, asubuhi, kabla sijafika. Nilisaidia kumwosha. Walinipa bahasha na sanduku la chakula, na wiki iliyofuata nikarudi ghalani, ambako walikuwa na nafasi. Nilipokuwa nafunga mizigo nilijaribu kumhuzunikia, mara kadhaa. Ilikuwa kama kubonyeza mguu uliokufa ganzi.

Jumapili baada ya mazishi ya Mama Nargis nilikwenda kwa Shirin nikamweleza yote, jikoni kwake, watoto wakitazama katuni sebuleni. Nilimpa maneno ya mzee kwa Kiswahili kwanza, kisha kwa Kiingereza, safari hii yote, na homa na kuharisha. Alitoa daftari, akaandika. Nilipofika pale pa Kalunde kukaa kwenye baraza alikwenda kufunga bomba lililokuwa halivuji. Kisha akasema, "Mama alijua kuna kitu. Aliniambia zamani. Alisema Bapa alizungumza mpaka chai ikapoa, na Hamisi akatafsiri maneno sita." Akaniuliza kwa nini. Nikamweleza desturi ya mkwe. "Lakini Mama hakuwa na desturi hiyo." Nikasema najua. "Na siku nyingine zote?" Nikasema niliogopa, halafu nikazoea. Akaandika hilo pia, nadhani kwa sababu mkono ulikuwa tayari unaandika. Aliuliza kama watu wa Kalunde bado wapo. Sijui. Nimerudi nyumbani mara mbili tangu wakati ule, na huko si mbali na kwetu, na sikwenda kuuliza.

Wiki mbili baadaye Firoz akanipigia simu. Ni mzee sasa, sauti imekonda. Alisema Shirin amemsomea. Alisema baba yake yuko kaburini, mke wake yuko kaburini, na aliyekuwepo siku ile ni mimi tu na msichana asiyejua Kiswahili. "Siku ile ulisema hivi, Hamisi. Leo unasema hivi. Mimi nishike lipi?" Nikasema, la leo. "Na nikishika la leo, yule niliyemwachia baba yangu mwaka mzima alikuwa nani?" Kisha akasema kitabu kitabaki kama kilivyo, sentensi yangu itabaki kama ilivyo. Hakusema kwa ubaya. Akaniuliza kama nimekula.

Shirin anasema hajakubali, anasema atajaribu tena baada ya arobaini. Huenda akashinda. Mimi sitasubiri. Naandika kwa Kiswahili, na hapa hakuna mtu wa kunitafsiria. Aliitwa Kalunde, mama yake Mihambo, wa ng'ambo ya mto Ugalla. Alimlisha mgeni masika yote. Shamba lilikuwa lake.